Kumsoma Bingwa wa Sataranji, Maisha na Ubao kwa Pamoja: Mwongozo Kamili

Machi 1924, New York. Wachezaji 11 wamekusanyika kwa mashindano makubwa, kila mmoja akikutana na mwenzake mara mbili. Katika raundi ya 5, bingwa wa dunia José Raúl Capablanca wa Cuba anafungwa na Richard Réti. Tangu Februari 1916 alikuwa hajapoteza hata mchezo mmoja wa mashindano: michezo 63, miaka minane. Wapo waliokuwa wameshaanza kuamini kwamba mtu huyu hafungiki.

Raundi ya 6 anakaa mbele ya Savielly Tartakower, na wanafika mwisho wa mchezo, kila mmoja amebakiwa na mfalme, ngome moja na vitunda (askari). Hapo Capablanca anafanya jambo ambalo mchezaji mwenye hofu halifanyi: anaacha vitunda vyake viwili viliwe, vyote viwili vikiliwa kwa cheki, ili mfalme wake apate njia ya kwenda mbele. Anashinda.

Niliukuta mchezo huu mara ya kwanza bila kujua kilichompata raundi iliyotangulia. Niliuona mzuri, nikageuza ukurasa. Miaka mingi baadaye nilipojua habari ya Réti nilirudi kuuweka ubaoni, nikakaa nao jioni nzima. Kete zilikuwa zile zile. Ila sasa nilijua aliyezisogeza amelala usiku gani.

Ndiyo maana naandika mwongozo huu. Wengi wetu tunasoma mabingwa kwa njia mbili zisizokutana. Wengine wanasoma maisha: alizaliwa wapi, alishinda nini, alikufa lini. Wengine wanasoma michezo peke yake, kama hesabu isiyo na mwenyewe. Nataka nikuonyeshe namna ya kuvisoma viwili hivi pamoja, kwa wiki sita hivi, saa moja kwa siku tatu za wiki. Unachohitaji kujua kabla ya kuanza ni namna kete zinavyokwenda tu. Mfano wangu ni Capablanca kutoka mwanzo hadi mwisho, kwa sababu michezo yake inaeleweka hata na asiye mtaalamu.

Vitu vya kuwa navyo

Ubao na kete, daftari la kurasa zisizopungua 40, kalamu, na kipande cha karatasi ngumu ukubwa wa kiganja. Kipande hicho kina kazi yake, nitaifikia.

Huna seti ya sataranji? Chora miraba 64 kwenye boksi, uchukue vizibo vya soda kama vile tunavyochezea drafti, ubandike karatasi juu ya kila kizibo na kuandika jina la kete. Nimefundisha vijana kwa ubao wa namna hiyo na hawakukosa kitu. Usichopaswa kufanya ni kusomea kwenye skrini ya simu peke yake. Ukibofya kitufe mchezo unapita wenyewe, hatua 50 kwa dakika moja, na hakuna kinachobaki kichwani. Mkono ukishika kete, kichwa kinalazimika kungoja.

Intaneti utaihitaji kwa kutafuta michezo. Tovuti ya Lichess ni bure na haina matangazo, na humo unaweza kuingiza mchezo wowote uliokwisha chezwa. Faili la mchezo mmoja ni maandishi matupu, dogo kuliko picha yoyote ya simu, kwa hiyo hata bando la kuunga unga linatosha. Pakua michezo 20 ya bingwa wako siku moja, kisha uzime data.

Majina ya kete niyaweke wazi, maana kila kijiwe kina yake: mfalme, malkia, ngome, askofu, farasi, na kitunda, ambacho wengi siku hizi wanakiita askari. Kwenye maandishi ya kimataifa utakuta herufi: K ni mfalme, Q malkia, R ngome, B askofu, N farasi. Kitunda hakina herufi, kinaandikwa kwa jina la mraba peke yake. Jina la mraba ni herufi na namba: ukikaa upande wa nyeupe, herufi a hadi h ni safu kutoka kushoto kwenda kulia, na namba 1 hadi 8 ni mistari kutoka kwako kwenda kwa mpinzani. Jifunze kusoma maandishi hayo hata kama itakuchukua siku tatu. Ndiyo yanayotuwezesha leo kukaa na mchezo wa 1924 kana kwamba umechezwa jana. Bao letu lina mafundi wake waliovuma pwani nzima, lakini michezo yao mingi ilipita mikononi bila kuandikwa, na fundi alipokufa aliondoka nayo. Hilo linaniuma kila ninapofungua rekodi za sataranji.

Chagua mmoja, na ukae naye

Kosa la kwanza la anayeanza ni kuwataka wote. Mimi nilifanya hivyo: mwezi mmoja nilipitia mabingwa kumi na kitu, na mwezi uliofuata nisingeweza kueleza tofauti ya mmoja na mwingine. Mchague mmoja kwa wiki zote sita.

Mchague kwa kile unachotaka kujifunza. Ukitaka usafi, mchezaji anayefanya jambo gumu lionekane jepesi, mchukue Capablanca. Ukitaka moto, yupo Mikhail Tal wa Riga, aliyetwaa ubingwa wa dunia mwaka 1960 akiwa na miaka 23 kwa kutoa kete zake kafara hadi wapinzani wakapotea njia. Lakini kama ndiyo kwanza unaanza, Tal atakuchanganya. Utaanza kutoa kafara zisizo na msingi na utafungwa na kila mtu.

Judit Polgár wa Hungaria alipata cheo cha grandmasta, cha juu kabisa katika sataranji, mwaka 1991 akiwa na miaka 15, akivunja rekodi ya umri aliyoiweka Bobby Fischer mwaka 1958, na mwaka 2002 akamfunga Garry Kasparov katika mchezo wa kasi mjini Moscow. Kabla yake alikuwapo Vera Menchik, bingwa wa kwanza wa dunia wa wanawake tangu 1927, aliyewafunga wanaume wakubwa wa zama zake, Max Euwe akiwamo. Menchik aliuawa kwa bomu la Wajerumani mjini London mwaka 1944, taji likiwa bado lake. Ukimchukua yeye, jiandae kwa mwisho unaoumiza.

Karibu na kwetu, Amon Simutowe wa Zambia ndiye wa kwanza kusini mwa Sahara kuwa grandmasta. Na Uganda yuko Phiona Mutesi, aliyejifunzia sataranji mtaa wa Katwe, Kampala, kwa mwalimu Robert Katende, akaichezea nchi yake kwenye Olimpiadi ya sataranji ya Khanty-Mansiysk, Urusi, mwaka 2010. Michezo ya Phiona ina faida ambayo ya mabingwa wa dunia haina: makosa yake ni makosa yetu. Ukiwa na binti nyumbani anayejifunza, anza na huyu.

Basi sisi tunakwenda na Capablanca.

Andika miaka yake upande mmoja, ubao upande wa pili

Fungua daftari kurasa mbili zinazotazamana. Ukurasa wa kushoto ni wa maisha, wa kulia ni wa michezo. Kila tukio la maisha unaloliandika kushoto, acha nafasi kulia, utakuja kuijaza na mchezo wa mwaka ule ule.

Kushoto kwa Capablanca kutasomeka hivi:

1888, Novemba 19. Anazaliwa Havana. Cuba bado ni koloni la Hispania.

1901. Akiwa na miaka 12 kuingia 13 anamshinda Juan Corzo, aliyekuwa akihesabiwa bingwa wa Cuba.

1906. Anaingia Chuo Kikuu cha Columbia, New York, kusomea uhandisi wa kemia. Miaka miwili baadaye anaacha. Muda wake mwingi unaishia kwenye Klabu ya Sataranji ya Manhattan.

1909. Anamshinda Frank Marshall wa Marekani: anashinda 8, anapoteza 1, sare 14.

1911. San Sebastián, Hispania. Ossip Bernstein analalamika kwamba kijana huyu hastahili kuwa miongoni mwao. Raundi ya kwanza Capablanca anamfunga Bernstein, na mwisho anachukua mashindano yote.

1913. Anaajiriwa na Wizara ya Mambo ya Nje ya Cuba.

1921. Havana. Anamvua Emanuel Lasker taji la dunia: anashinda 4, sare 10, hapotezi hata mmoja.

1924. Réti. Kisha Tartakower.

1927. Buenos Aires. Anapoteza taji kwa Alexander Alekhine.

1936. Anashinda Moscow, na Nottingham anafungana pointi kileleni na Mikhail Botvinnik.

1942, Machi 7. Anaanguka ghafla akiwa klabuni Manhattan. Anafariki kesho yake.

Sasa itazame orodha yako na ujiulize maswali ya kawaida kabisa. Alikula nini? Nani alilipa? Alikuwa anafanya nini wakati hachezi? Jibu la 1913 linafungua mengi. Ajira ile ya wizara ilimpa mshahara na pasipoti ya kuzunguka ulimwengu akibeba jina la nchi yake. Wachezaji wengi wa wakati ule walikuwa wakiishi kwa ada za mashindano na michezo ya kamari mikahawani. Wilhelm Steinitz, bingwa wa kwanza wa dunia, alikufa maskini New York mwaka 1900. Capablanca hakuwa na wasiwasi huo, na utulivu wa michezo yake, kwa maoni yangu, una uhusiano na utulivu wa mfuko wake. Andika jambo kama hilo kwa penseli, si kwa wino, kwa sababu ni fikra yako na unaweza kuibadili.

Chuja hadithi

Sataranji ina hadithi nyingi kuliko michezo mingine yote niijuayo. Utasikia kwamba Capablanca alijifunza akiwa na miaka minne kwa kumtazama baba yake akicheza, na kwamba siku moja alimsahihisha baba aliyekuwa amesogeza farasi vibaya. Chanzo cha hadithi hiyo ni Capablanca mwenyewe. Hiyo haimaanishi ni uongo. Inamaanisha iandikwe hivi: "Capablanca alisimulia kwamba..."

Nina rangi tatu kwenye daftari langu. Nyeusi ni kwa lililoandikwa siku ile ile: matokeo, tarehe, hatua za mchezo. Buluu ni kwa alilosimulia mhusika mwenyewe baadaye. Nyekundu ni kwa linalosemwa tu na watu. Ukimaliza ukurasa, tazama rangi ipi imezidi. Ikiwa nyekundu imejaa, bado hujamjua mtu huyo, umejua sifa zake.

Mfano wa kwa nini hili ni muhimu ni Sultan Khan, mtu wa Punjab aliyepelekwa Uingereza na bwana mmoja tajiri, akawa bingwa wa Uingereza mara tatu, 1929, 1932 na 1933. Kwa miaka mingi aliandikwa kama mtumishi asiyejua kusoma wala kuandika. Familia yake imekanusha. Waandishi waliorudia habari ile walikuwa wakinakiliana. Lakini ushindi wake umeandikwa hatua kwa hatua na hakuna awezaye kuukanusha, na mwaka 2024 Shirikisho la Sataranji la Dunia likampa cheo cha heshima cha grandmasta, miaka 58 baada ya kufa kwake.

Uweke mchezo ubaoni

Hapa ndipo penye kazi yenyewe, na usiharakishe. Jioni mbili au tatu kwa mchezo mmoja si nyingi.

Capablanca aliwashauri wanafunzi waanze na mwisho wa mchezo kabla ya yote, wakati kete zimebaki chache na kila moja inaonekana inafanya nini. Tumsikilize. Mchezo wake na Tartakower tuuchukulie kuanzia hatua ya 35.

Panga hivi. Nyeupe, ndiye Capablanca: mfalme f3, ngome h7, vitunda a4, c3, d4, f4, g5. Nyeusi, ndiye Tartakower: mfalme f8, ngome c6, vitunda a7, b6, c7, d5, f5. Hesabu: vitunda vitano kwa vitano, ngome kwa ngome. Zamu ni ya nyeupe.

Usisogeze chochote. Tazama kwanza kwa dakika kumi nzima. Ngome nyeusi iko c6 na inakitazama kitunda cha c3, ambacho hakina mlinzi. Mtu wa kawaida atawaza kukilinda: ngome irudi nyuma, au mfalme asogee karibu. Lakini kwa hatua moja hakuna kinachofika kukilinda. Sasa tazama kitunda cha g5. Mbele yake njia ni tupu mpaka g8. Na tazama ngome nyeupe ilivyokaa h7: mfalme mweusi amebanwa kwenye mstari wa mwisho, hawezi kupanda.

Hatua ya 35, mfalme anakwenda g3. Anakipa kisogo kitunda cha c3.

Ngome nyeusi inakula c3, tena kwa cheki. Mfalme anapanda h4. Ngome inakuja f3 kukishika kitunda cha f4. Nyeupe hajali, anasukuma kitunda cha g5 kwenda g6. Ngome inakula f4, cheki nyingine. Mfalme anaingia g5, anaigusa ngome, nayo inakimbilia e4. Simama hapo. Hesabu tena: nyeupe ana vitunda vitatu, nyeusi ana vitano. Kwa hesabu ya dukani Capablanca amefilisika.

Kisha inakuja hatua ya 39, ambayo ndiyo ninayoipenda kuliko zote. Kitunda cheusi cha f5 kiko pembeni ya mfalme mweupe, kinalika. Asingelikila nani? Capablanca halili. Anapita pembeni yake na kukaa f6.

Weka mfalme wako f6 na uone mambo mawili. La kwanza, nyeupe anatishia ngome kwenda h8, na hiyo ni chekimeti: mfalme wa f8 hana pa kukanyaga, kwa sababu mfalme mweupe ameshika e7, f7 na g7. La pili ni lile lililonichukua jioni nzima. Kile kitunda cheusi cha f5 sasa ni ukuta wa nyuma wa mfalme mweupe. Ngome nyeusi ikitaka kumpiga cheki kupitia safu ya f, inazuiwa na kitunda chake yenyewe. Adui amegeuzwa mwavuli. Angekila, mvua ya cheki ingemwangukia mgongoni.

Endelea. Mfalme mweusi anakimbilia g8. Ngome nyeupe inaingia g7, cheki. Mfalme anakwenda h8. Ngome inakula c7. Nyeusi anarudisha ngome e8 kujilinda. Sasa tu, hatua ya 42, mwavuli umemaliza kazi, mfalme anakula f5. Vitunda vitatu kwa vitatu. Hatua chache baadaye ngome inakula a7, mfalme anakula d5, na kitunda cha d kinaanza safari. Tartakower alikubali kushindwa baada ya hatua ya 52.

Ukishafika mwisho, rudisha kete zote na uupite tena bila kutazama karatasi. Utasahau katikati. Rudia. Mchezo ukishakaa mkononi, rudi ukurasa wa kushoto wa daftari na usome mstari wa 1924. Mtu aliyefungwa raundi iliyopita, baada ya miaka minane, amekubali kuwa nyuma kwa vitunda viwili kwa sababu ameona mfalme wake anafika f6. Andika hilo ukurasa wa kulia kwa maneno yako mwenyewe, mistari isiyozidi mitano.

Funika, ukisie, uandike

Kile kipande cha karatasi ngumu sasa. Chukua mchezo mwingine ambao hujauona, funika hatua zote, uachie moja moja. Kabla ya kufunua hatua ya bingwa, andika yako kwenye daftari pamoja na sababu. Si "ngome e1" peke yake. Andika: "ngome e1, kwa sababu safu imefunguka." Kisha funua.

Ukipatia, vizuri. Ukikosa, usisonge mbele mpaka umeweza kusema yeye aliona nini. Mara nyingi utakuta si kwamba alihesabu mbali kuliko wewe. Alitazama kete usiyoitazama, ile mvivu kuliko zote ubaoni, akaitafutia kazi. Kwa Capablanca jambo hili linajirudia mno, na baada ya michezo mitano sita utaanza kulitegemea kabla hujafunua. Hapo ndipo utajua umeanza kumjua.

Mchezo mmoja kwa namna hii huchukua saa mbili. Michezo sita kwa wiki sita ni kazi ya kutosha. Usiguse zaidi.

Msome alipofungwa

Watu wanapenda kusoma ushindi. Lakini nusu ya mtu iko kwenye kushindwa kwake, na kwa Capablanca mahali pa kwenda ni Buenos Aires, Septemba hadi Novemba 1927.

Kabla ya mechi ile Alekhine hakuwa amemfunga Capablanca hata mara moja. Mapema mwaka ule ule Capablanca alikuwa amechukua mashindano ya New York, Alekhine akiwa wa pili kwa mbali. Kila mtu alijua nani atashinda. Walicheza michezo 34. Sare zilikuwa 25. Alekhine alishinda 6, Capablanca 3. Mchezo wa mwisho uliahirishwa, na Capablanca hakurudi ubaoni kuumaliza: alituma barua ya kukubali.

Kulitokea nini? Sehemu ya jibu inahusu moja kwa moja kazi unayoifanya sasa. Kitabu cha mashindano yale ya New York 1924, chenye uchambuzi wa kila mchezo, kiliandikwa na Alekhine. Yaani Alekhine alikaa na michezo ya Capablanca, hatua kwa hatua, akiandika sababu, akitafuta mahali ambapo utulivu ule unageuka kuwa uvivu wa kuhesabu. Capablanca hakuwa mtu wa kukaa na michezo ya wengine namna hiyo. Aliutegemea wepesi wake wa kuona, na uliwahi kumtosha kwa miaka ishirini.

Chukua ushindi wa Alekhine mmoja tu kati ya ile sita, uufunike kama kawaida, lakini safari hii ukisie hatua za upande wa aliyefungwa. Ni zoezi linaloumiza. Utajikuta unataka kumwokoa.

Halafu weka mstari mmoja kuhusu fedha ukurasa wa kushoto. Mwaka 1922, mjini London, Capablanca ndiye aliyeongoza masharti mapya ya ubingwa: atakayemwomba bingwa mechi alete dola 10,000. Kiasi hicho kiliwafungia mlango wengi waliostahili. Alipopoteza taji, Alekhine alimbana kwa sharti lile lile, na mechi ya marudiano haikuchezwa kamwe. Naona haya ni majonzi makubwa, kwa wote wawili na kwa sisi tuliokuja baadaye, kwa sababu mechi hiyo ingekuwa hazina.

Kompyuta ije mwisho

Programu kama Stockfish, ambayo ni bure na imo ndani ya Lichess, itakuambia kwa sekunde moja kwamba hatua fulani ya bingwa ilikuwa mbovu. Itakuwa kweli. Lakini ukiifungua mwanzo, utaacha kufikiri. Iachie mpaka umeshaandika mawazo yako yote kwa wino. Kisha iwashe, na uweke alama ya mkasi pale ulipokosea. Usiwadharau wachezaji wa zamani kwa sababu ya namba inayotoka kwenye skrini: walikuwa na saa inayotembea, mpinzani anayewatazama machoni, na hakuna wa kuwanong'oneza.

Msimulie mtu

Wiki ya sita, tafuta mtu mmoja. Ndugu, jirani, mtoto wa dada. Mketishe mbele ya ubao, panga kete za hatua ya 35, umsimulie: huyu jana yake alifungwa baada ya miaka minane, sasa ni zamu yake, wewe ungecheza nini? Ngoja ajibu. Usimkatize. Mara nyingi atataka kukilinda kitunda cha c3, kama mimi, kama wewe. Sogeza mfalme g3 na utazame uso wake.

Ukikwama popote katika kusimulia, hapo ndipo hujaelewa. Rudi daftarini.

Mara ya kwanza nilipofanya hivi, nilimkalisha mpwa wangu wa miaka kumi na moja. Tulipofika hatua ya 39 alinyoosha mkono na kukila kitunda cha f5 kabla sijasema neno. Nikamwambia, "Basi mimi nitakuwa mweusi, tucheze." Nikaanza kumpiga cheki kwa nyuma, moja, ya pili, ya tatu. Akasimamisha mkono. Akakirudisha kitunda f5 mwenyewe, akamweka mfalme f6, akasema, "Mjomba, kumbe kilikuwa kinamkinga."

Bingwa wa pili

Ukimaliza na Capablanca usirukie mbali. Fuata uzi uliokwisha kuushika mkononi. Majira ya 1930 na 1931, katika mashindano ya Hastings, Uingereza, Sultan Khan alicheza kete nyeupe dhidi ya Capablanca na kumfunga kwa hatua 65. Tayari unamjua mmoja wao: unajua anapenda kete ipi, anachoka wapi, amepoteza nini miaka mitatu nyuma. Fungua kurasa mbili mpya zinazotazamana, andika jina la Sultan Khan juu kushoto, tafuta kalamu nyekundu, maana utaihitaji sana kwa huyu, na upange kete.